Nilivyousikiliza Muqam wa Sawut

14 Novemba

Atakayefungua daftari hili na ajue tangu mstari wa kwanza kwamba anasoma maneno ya mtu ambaye, lau asingezaliwa, bonde zima la Ili lingebaki bubu kama jiwe la kisima. Mimi ni Zordun wa Aqosteng. Siku moja nilipiga satar, ala ya nyuzi inayopigwa kwa uta, kando ya mto, ngamia saba wa msafara wakapiga magoti bila kuamriwa, na wa nane, aliyekuwa kiziwi, akapiga magoti kwa kuwaona wenzake. Binti yangu Zulpiya, mwalimu mjini Ghulja, ndiye aliyeniletea daftari. "Baba, andika unayoyajua kabla hujayasahau." Nikamwambia karatasi haitatosha.

Leo theluji ya kwanza imeanguka, na meshrep ya kwanza imefanyika. Tuko wanaume thelathini, kila wiki nyumbani kwa mmoja wetu mpaka theluji iyeyuke: chai, muziki, mizaha, na baraza la kumhukumu aliyekosa adabu. Hakimu wa mwaka huu ni Pazil, mtoto wa dada yangu, ambaye mimi ndiye niliyemfundisha kutembea. Chai ilipozunguka, Pazil akasimama.

"Mwisho wa Februari wanakuja watu wa mjini na mashine ya kunasa sauti. Wanautaka muqam wa marehemu Mzee Sawut. Wote, pamoja na Kufunga Mlango."

Sasa, muqam si wimbo wa kukamulia ng'ombe. Unaanza polepole, unapanda, unaingia kwenye kisa, kisha kwenye ngoma, watu wanacheza mpaka kofia zinalowa. Wapigaji wengine wote huishia hapo. Sawut alikuwa na kipande alichoachiwa na fundi wake. Baada ya ngoma, baada ya pilau, watu wakidhani yamekwisha, alishika uta tena peke yake. Hicho ndicho Kufunga Mlango. Alikipiga nyumbani kwake tu, miaka ile ala zilipokatazwa, mbele ya watu watatu: Semet kipofu wa kijiji cha chini, baba yake Pazil, Mungu amrehemu, na mimi. Mikatazo ilipoondoka, mikono ya Sawut ilikuwa inatetemeka. Hakukipiga tena, na masika yaliyopita tukamzika.

Nyuso zote zikanigeukia. Mzee mmoja akasema, "Sawut mwenyewe alikuwa akituambia: mtazameni Zordun. Anafumba macho, anainamisha kichwa, muqam unamwingia hadi kwenye mifupa."

"Basi unao, mjomba?" Pazil akauliza.

Nikajipiga kifua. "Ninao wote. Humu."

Wakanimiminia chai kabla ya wengine.

16 Novemba

Theluji. Ng'ombe anakohoa.

19 Novemba

Semet kipofu ametuma salamu kwa muuza mkaa. "Mwambieni Zordun aje na satar. Mikono yangu imekufa ganzi, lakini masikio yangali hai. Nitamwimbia Kufunga Mlango, naye anipigie, tulinganishe kabla wageni hawajafika."

Nimejibu nitakwenda wiki ijayo. Mtu mkubwa haitwi akakurupuka.

22 Novemba

Mama Rabihan, mjane wa Sawut, amekuja kwa miguu kwenye theluji, kakumbatia kitu kilichofungwa ndani ya koti la marehemu. Nikajua kabla hajafungua. Ni satar yenyewe, ile shingo ndefu ya mforsadi iliyokuwa nyeusi pale kidole gumba cha Sawut kilipopita maisha yake yote.

Huwa nawaambia watu kwamba mimi ndiye niliyeificha miaka ile, kwamba niliipitisha chini ya pua za wapekuzi nikiwa nimeivaa ndani ya suruali, nikichechemea. Ukweli aliifukia Mama Rabihan mwenyewe ndani ya pipa la ngano. Mbele yake sikusimulia ile ya suruali.

"Muqam upige kwa hii, Zordun," akasema. "Usipigwe kwa ala nyingine."

"Mama, umenipa heshima ninayoistahili."

Alicheka kidogo. Kisha akaketi ukingoni mwa jukwaa la udongo la kukalia, karibu na moto, akawa anasugua magoti. "Unajua kwamba mimi sijawahi kuusikia mwisho wake? Nyinyi mlikuwa ndani, mimi nimesimama langoni nawalindeni. Majira kumi ya baridi. Nilikuwa napika pilau, nawapakulia, kisha natoka nje kuangalia njia. Sauti ilinifikia vipande vipande, kama mtu anayeongea na upepo. Machi ni mwaka wake tangu afe. Ningependa kuusikia mara moja, nikiwa nimekaa ndani, kwenye joto."

"Utausikia," nikasema.

"Najua. Wewe ulikuwa ukitoka mashavu yameloa. Nilikuwa nakuona pale langoni nikijiambia, afadhali mmoja ameubeba."

Alipoondoka, mke wangu Ayimhan akaniuliza kwa nini sili. Nikamwambia nimeshiba.

28 Novemba

Meshrep nyumbani kwa mfinyanzi. Wakataka niwaonjeshe kidogo Kufunga Mlango. Nikasema nimekatwa kidole na shoka. Wakataka kukiona. Nikasema si kidole hicho.

Baraza likanihukumu kupigwa picha. Nikasimamishwa ukutani, mikono nimetanua, wakanimwagia maji ya ndoo mpaka ukuta wote ukalowa isipokuwa pale nilipoukinga. Nikaondoka, picha yangu ikabaki pale, kavu, na tumbo lake lote.

"Mbona picha imekaa kimya?" mmoja akapiga kelele. "Hii si ya Zordun!"

Nilicheka kuliko wote. Njiani, nguo zimeganda mwilini, sikucheka.

5 Desemba

Nafanya mazoezi zizini, ng'ombe ndiye hadhira. Mwanzo unakuja mtamu ajabu, sitanii. Hadi kisa nakipiga. Ngoma naipiga, nikifika pale inapotulia, uta unashuka, nangojea mkono uendelee wenyewe. Hauendelei. Narudi nyuma, naja tena kwa kasi, kama mtu anayetaka kuruka mfereji. Nafika ukingoni nasimama.

Nyuzi za Sawut zimechoka. Ni nyuzi tu.

Ayimhan akachungulia na ndoo ya maziwa. "Baba Zulpiya, mbona unazunguka palepale kama punda wa kinu?"

"Wewe unajua nini kuhusu muqam?"

"Sijui kitu. Ila punda ninamjua."

Nilimjibu neno ambalo sitaliandika. Alikuwa ameniletea chai yenye malai juu. Akaiweka chini, akaondoka.

11 Desemba

Semet ametuma salamu. Anasema analala na kikohozi lakini asubuhi sauti yake ni nzuri, nije asubuhi.

12 Desemba

Baridi ya kupasua mawe.

20 Desemba

Meshrep. Nikawasimulia jinsi nilivyoshindana na mpigaji wa Kashgar siku tatu mchana na usiku mpaka ndevu zake zikawa nyeupe. Wakacheka, wakasahau kuniomba nipige. Pazil peke yake hakucheka. Ana macho ya dada yangu yule, na dada yangu hakuwahi kununua hadithi yangu hata moja.

2 Januari

Leo nilitoka kwenda kwa Semet. Lo, nilitoka kweli! Nilivaa buti, nikaifunga satar ndani ya koti, nikafika hadi darajani. Daraja lilikuwa na barafu ya hatari, kioo kitupu, mtu angeteleza na urithi wa taifa mikononi. Nikasimama kulikagua.

Akaja Qanat, Mkazakhi wa ng'ambo, juu ya farasi, anaswaga kondoo wake wote. Wakavuka kok-kok-kok mpaka upande wangu.

"Zordun! Unachungulia nini, samaki?"

"Nalipima daraja kama litabeba."

"Limebeba kondoo wangu, na farasi wangu, na mimi na nyama niliyokula jana. Halitabeba ulimi wako?"

Nikacheka. Nikamwambia naumwa goti, nikageuka naye tukarudi pamoja, yeye akinisimulia habari za harusi ya mwanawe. Barafu ilikuwa mbaya. Kondoo wana kwato.

9 Januari

Pazil amekuja nyumbani, si kama hakimu, amekuja kama mtoto wa dada. Akakataa chai mara mbili, jambo ambalo hafanyi.

"Mjomba, nataka kuandika barua kwa wale wa mjini. Nikikosea nitaaibisha kijiji. Nakuuliza tukiwa wawili tu. Unao kweli?"

"Unaniuliza mimi? Mimi niliyekubeba mgongoni ulipoumwa surua?"

"Ndiyo, wewe. Kama huna, hakuna ubaya. Nitafunga mkokoteni kesho, wewe na mimi tumfuate Mzee Semet, akuimbie mpaka ukushike. Nasikia hali yake si nzuri. Niambie tu."

Mlango ulikuwa wazi namna ile. Ningesema neno moja. Badala yake nikavimba. Nikamwambia kwamba baba yake angekuwa hai angeona haya kwa swali hilo.

Akanitazama. Kisha akasimama, akaweka mkono kifuani, akainama kama ninavyostahili kuinamiwa.

"Basi, mjomba. Sitauliza tena."

Barua imeondoka.

17 Januari

Semet ametuma salamu.

24 Januari

Semet amekufa.

Nimekaa na kalamu tangu adhuhuri. Nimechora ngamia pembeni mwa ukurasa, nimemfuta.

Walituita asubuhi. Daraja nimelivuka kwa hatua za kawaida, na watu wengine, wala hakuna aliyeteleza. Nyumba yake ni chumba kimoja. Mkwewe, anayemtunza, akanishika mkono mlangoni.

"Kaka Zordun, alikuwa anakungojea. Kila asubuhi ananiuliza, barabara ikoje leo, Zordun ataweza kupita? Namwambia theluji nyingi, baba. Anasema basi, hawezi kuja na ala kwenye theluji, ana busara. Jana alikuwa anaimba polepole, amegeukia ukutani. Nikamuuliza unamwimbia nani? Akasema, najikumbusha, asije akanikuta nimekosea."

"Wewe uliusikia alivyoimba?" nikamuuliza. Nilimshika mkono kwa nguvu mpaka akashtuka.

"Nilikuwa nakanda unga wa tambi, kaka. Nami sina sikio la muziki. Ulikuwa… polepole."

Polepole. Ndicho alichobakiza.

Tulipomaliza kufukia, ardhi ikiwa imeganda hata sururu zinalia, yule mzee wa siku ile ya kwanza akafuta pua, akasema mbele ya wote, "Mungu hafungi milango yote. Semet ameondoka, lakini tunaye Zordun."

Wakaitikia. Pazil akaitikia. Na mimi, mdomo wangu, nikausikia ukiitikia.

Nitaandika jambo moja hapa. Lile daraja halikuwa na barafu. Yaani lilikuwa nayo, lakini si hiyo iliyonirudisha. Nilirudi kwa sababu Semet angeniambia, "Anza wewe, nami nikufuate." Ndivyo wazee wanavyolinganisha. Mimi sina pa kuanzia. Ningekaa mbele ya kipofu, naye angeniona.

Kama ningevumilia asubuhi moja ya aibu mbele ya mzee mmoja asiyeona, sasa hivi kile kipande kingekuwa hai.

25 Januari

Sikuandika.

3 Februari

Ayimhan amenikuta zizini na satar magotini, sipigi. Hakusema neno la punda. Akaniwekea blanketi mabegani, akamkamua ng'ombe kimya. Nilitamani anitukane.

10 Februari

Nimepata wazo la kishetani na ninaliandika ili mjue nilifika wapi. Nani atajua? Walioujua wote wako chini ya udongo. Nikichukua kipande cha wimbo wa harusi, nikakipunguza mwendo, nikamwagia huzuni kidogo, mashine itanasa, wa mjini watapiga makofi. Nimejaribu. Kimetoka vizuri. Hilo ndilo lililonitisha, kwamba kilitoka vizuri.

16 Februari

Zamu ya mwisho ya meshrep imeangukia nyumba yangu. Ndiko wageni watakakofikia. Ayimhan anapaka chokaa ukutani, anaimba. Anaona fahari.

22 Februari

Limetokea jana. Naandika polepole.

Watu walijaa mpaka ukumbini. Wa mjini alikuwa mmoja, Mwalimu Yalqun, kijana wa miwani, mpole, anayekunywa chai ya maziwa na chumvi kama mtu wa kwetu. Akaweka mashine katikati ya jukwaa, magurudumu mawili yanazunguka. Mama Rabihan tulimkalisha kwenye mito, karibu na moto, mahali pa heshima. Hakukaa sana. Amezoea vibaya maskini, pilau ilipoisha akainuka akawa anaelekea mlangoni.

"Mama, unaenda wapi?" Pazil akamuuliza.

Akashtuka, akajicheka. "Miguu yangu imedhani ni kwenda langoni." Akarudi, akakaa.

Nilikuwa nimeshapiga mwanzo, kisa na ngoma, Pazil akinipigia tari. Wallahi sijawahi kupiga namna ile. Watu walicheza, wengine walilia. Sasa ikabaki Kufunga Mlango. Nikaweka uta kwenye uzi.

Kile kipande cha harusi kilikuwa tayari kwenye vidole. Vidole vilikwishajipanga. Nikainua macho, nikamwona Mama Rabihan. Alikuwa amefumba yake. Ameinamisha kichwa, mikono mapajani, kama alivyosikia kwamba mimi nilikuwa nikifanya. Alikuwa anauiga usikivu wangu.

Nikautoa uta.

Magurudumu yakaendelea kuzunguka. Mtu akakohoa.

"Mjomba," Pazil akanong'ona, "endelea."

"Sina," nikasema.

"Huna nini?"

"Kufunga Mlango. Sina. Sikuwa nao Novemba, sikuwa nao ulipokuja kuniuliza. Semet aliniita, nikakataa kwenda."

Hakuna aliyeniangalia. Yule mzee alikuwa anakunja na kukunjua kitambaa. Kijana mmoja mjinga akasema kwa nguvu, akitaka kutuokoa, "Hakimu! Mpige picha ukutani!" Hakuna aliyecheka. Wote wakamgeukia Pazil, kwa kuwa ni sheria, kosa likisemwa barazani lazima hukumu itoke.

Pazil aliweka tari chini. Uso wake ulikuwa wa dada yangu siku ile mumewe alipokufa.

"Baraza hili," akasema, "halina adhabu ya kosa hili. Chai imiminwe."

Mwalimu Yalqun akazima mashine taratibu. Akaniambia alichonasa ni kikubwa, kwamba mwanzo huo peke yake ni hazina, na kwamba ataandika wazi: mwisho wake haujulikani. Kisha, kijana wa watu, akanishika bega. "Mzee wangu, kusahau ni jambo la kila mtu. Miaka ni mingi, na ilikuwa miaka migumu."

Nikaliona neno hilo likipita chumbani kama joto. Amesahau. Masikini, amesahau. Hata Ayimhan machozi yalimtoka kwa huruma. Nami nikaliacha lipite. Nikainamisha kichwa, nikalikubali.

1 Machi

Theluji inayeyuka. Watu wananisalimia kwa upole kama mgonjwa. Hakuna anayeniomba hadithi.

8 Machi

Qanat amekuja na kipande cha nyama ya farasi. "Ya kurudisha kumbukumbu," akasema. Sikuweza kula.

13 Machi

Pazil amepita njiani. Akasema, "Salaam, mjomba." Hapo kabla alikuwa akiingia.

19 Machi

Leo ni mwaka wa Sawut. Tumesoma dua nyumbani kwangu, tumekula, watu wametawanyika. Mama Rabihan akabaki kuichukua satar. Nilikuwa nimeisafisha, nimeifunga ndani ya koti lilelile, vifungo vyote. Nikamwomba msamaha, kwa maneno mengi, mnajua nilivyo.

Akaninyamazisha kwa mkono. "Acha kujitesa, Zordun. Kusahau si dhambi. Nisingekuwa nimeganda pale langoni, labda na mimi ningekuwa nimeusikia, na ningekuwa nimeusahau. Muhimu ni kwamba kulikuwa na mtu aliyempokea. Sawut alikuwa akiniambia, watu wanaosikiliza kwa masikio ni wengi, huyu anasikiliza kwa mwili mzima. Hilo lilimtosha. Nami linanitosha."

Akaanza kuondoka, ala kifuani, akiruka madimbwi kwa yale magoti mabovu. Nami ningemwacha aende. Ningebaki mtu aliyesahau, na kusahau kuna heshima yake.

Nikamfuata, nikamkuta langoni.

"Mama Rabihan. Sikusahau."

Akageuka.

"Mtu husahau alichokisikia. Ile pilau yako, Mama, ilikuwa nzito, na chumba kilikuwa na joto, na mimi nilikuwa nakula sahani mbili. Pilau ikiisha tu, nilikuwa nalala. Nilikuwa nalala hivyo hivyo nimekaa. Semet alikuwa haoni, na shemeji yangu alikuwa muungwana, alikuwa akinifinya wakati wa kuondoka. Sikuwahi kukisikia hata mara moja. Nilikuwa nimelala."

Maji yalikuwa yanadondoka kutoka kwenye paa la lango, yakimwangukia begani, wala hakusogea.

"Kila mara?" akauliza.

"Kila mara."

"Na yale machozi?"

Ningeweza kumwachia machozi. Hakuna mtu duniani ambaye angenidai.

"Ya miayo, Mama," nikasema. "Yalikuwa ya miayo."